Michongoma ya Mama

Shamba la Mama liko Bahati, nje kidogo ya Nakuru. Mpaka wetu na jirani ulikuwa ua wa michongoma uliopandwa kabla sijazaliwa. Mwaka wa 2016 Mama alilazwa wiki tatu. Aliporudi, ua haukuwepo. Mahali pake palikuwa na mahindi machanga ya jirani, na waya mpya umeingia kwetu hatua saba. Nilizihesabu mara mbili.

Nilikimbilia kwa wakili nikidhani kesho yake tutakuwa mbele ya jaji. Akanipoza. Kwa kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, korti haisikilizi ugomvi wa mpaka kabla msajili wa ardhi hajaubainisha. Basi tukalipa, barua zikaenda pande zote mbili, siku ikafika. Surveya hakuwahi hata kukunjua tepu. Vijana sita walitokea upande wa pili na mapanga, wakasema atakayevuka waya atazikwa papo hapo. Msajili ndiye aliyetangulia garini.

"Hapa sirudi bila polisi."

Kituoni, afande aliandika malalamiko yangu kwenye OB, kile kitabu cha matukio, akanipa namba juu ya kipande cha gazeti, akafunga kitabu. "Dada, hayo ni mambo ya madai. Lete amri ya korti."

Yaani korti inakutuma kwa msajili, msajili kwa polisi, polisi wanakurudisha kortini. Nilicheka peke yangu kwenye matatu hadi makanga akaniuliza kama niko sawa.

Tukaenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi na ombi dogo tu: OCS, mkuu wa kituo cha polisi, atoe ulinzi msajili akipima. Kwenye hati ya kiapo niliambatisha namba ya OB na picha niliyopiga nikikimbia, ambayo kusema kweli ilionyesha viatu vyangu kuliko mapanga. Jaji alimuuliza wakili wa jirani: mteja wako anaogopa nini mpaka ukipimwa? Wakili akapekua makaratasi yake muda mrefu. Amri tukaipata.

Nilipoipeleka kituoni, gari halikuwa na mafuta. Nifupishe tu: siku ya kupima lilikuja.

Askari walikuwa wanne. Wale vijana walikaa chini ya mparachichi, mikono mitupu, mmoja akinisalimu kama vile hatujawahi kuonana. Surveya alivuta tepu kutoka barabarani akifuata ramani, akasimama katikati ya mahindi.

"Chimbeni hapa."

Jembe la tatu liligonga kitu kigumu. Kisiki cha mchongoma, kimekatwa na kuchomwa, kimefukiwa, na ubavuni kimetoa chipukizi jeupe lenye mwiba laini. Mama akainuka kwenye kiti cha plastiki, akainama, akaugusa ule mwiba kwa kidole.

Jirani alitia sahihi bila kumtazama. Kisha akauliza, "Na mahindi yangu, Mama?"

"Yaache yakomae," Mama akamwambia. "Utakuja kuvuna."