Kabla hujaiga mkono wa kushoto wa bugi-wugi, kagua picha

Wapiga kinanda wengi wa makanisani na wa bendi za mahoteli hapa Mombasa wanajifunza bugi-wugi, mtindo wa blues wa piano wenye besi inayojirudia kwa mkono wa kushoto, kwa simu, kutoka zile filamu fupi za Marekani za miaka ya 1940 ziitwazo Soundies. Ni shule nzuri mno, na mpiga piano Meade Lux Lewis, aliyepiga kadhaa mwaka 1944, ndiye wa kuanza naye. Shida ni kwamba baadhi ya nakala zimepinduka, kushoto kumekuwa kulia.

Soundies zilionyeshwa ndani ya Panoram, kabati la kampuni ya Mills ya Chicago lililowekwa kwenye mabaa na mikahawa. Ulitia senti 10 ukapata wimbo mmoja kati ya nane za mkanda, ule uliofika zamu; kuchagua hukuweza. Picha ilipitia vioo kabla ya kufika kwenye skrini, kwa hiyo filamu ilichapishwa kinyume ili vioo viinyooshe. Ikipitishwa kwenye projekta ya kawaida bila kurekebishwa, besi inaonekana kupigwa kwa mkono wa kulia!

Tazama koti la mpigaji: la kiume hufungwa upande wa kushoto ukilalia wa kulia. Kwenye piano ya kulala, ubavu mrefu ulionyooka huwa kushoto kwake. Ukiona kinyume, igeuze video kwanza.

Tena, kwa kawaida sauti ilirekodiwa mbele, kisha mpigaji akaigiza kwenye kamera. Vidole vikipingana na sauti, fuata sikio.

Besi rahisi ya kuanzia ni do, mi, so, la, ta (ti iliyoshushwa nusu toni), la, so, mi: noti nane kwa kila mapigo manne. Kidole kidogo kishike do, gumba la, na cha shahada kivuke juu ya gumba kwenda ta. Noti hizo nane ni mzunguko mmoja; umbo lake ni lilelile hata ukianzia fa au so. Kaa kwenye do mizunguko minne, fa miwili, do miwili, so mmoja, fa mmoja, do miwili, jumla 12. Anza na mapigo 80 kwa dakika. Mkono kati ya kiwiko na kiganja ukianza kuuma, umekaza kiwiko na unabonyeza kwa nguvu. Legeza, punguza mwendo. Usiuunganishe na wa kulia mpaka wa kushoto uende wenyewe huku unaongea na mtu.

Kwenye kinanda cha vitufe 61 besi hutoka nyembamba. Shusha oktavu moja kwa kitufe chake, kisha pigia mkono wa kulia juu zaidi.