Kishikio cha koki kilichokuwa kinacheza, nimekikaza hivi

Jamani koki ya jikoni hapa kwetu Nyakato kishikio kilikuwa kinacheza wiki nzima, unazungusha kinazunguka chenyewe maji hayatoki. Nikapaka supa gluu ikaachia siku ya pili, nikafunga na mpira wa tyubu, wapi.

Jana nikafunga valvu ya nje, nikabandua kale kakifuniko ka bluu kwa ncha ya kisu, kumbe chini yake kuna skrubu ya nyota imelegea. Ila kukaza tu haitoshi! Meno ya plastiki ndani ya kishikio yameshalika, so nikazungushia tredi tepu (ule utepe mweupe wa mafundi bomba) mara 3 kwenye meno ya shaba ya koki yenyewe, pale kishikio kinapokaa, nikakandamiza kishikio mpaka chini kabisa ndo nikakaza. Leo asubuhi mama watoto kafungua kwa kidole kimoja.