Masaa manne kwa miguu Osaka na mama anayejua Kiswahili

Tangu nirudi watu wa hapa Kibirizi, Kigoma, wananiuliza Japani kukoje, na nikianza kujibu naona wanataka nisimulie ile treni ya kasi na maghorofa. Treni ya kasi sikuipanda. Maghorofa niliyaona ndiyo, marefu sana, ila nikifumba macho saivi sioni ghorofa, naona jiwe moja, naona daraja moja, na naona kiduka kimoja sokoni ambacho nilisimama mpaka machozi yakanilenga. Na vyote hivyo nilioneshwa na mtu mmoja kwa masaa manne, kwa miguu, mi na yeye tu.

Nlienda Juni 2024. Wote mnakumbuka, Ziwa Tanganyika lilikuwa limefungwa kuvua toka tarehe 15 Mei mpaka 15 Agosti, sisi wauza dagaa tumekaa, nikapata nafasi ya kozi fupi ya mambo ya kuhifadhi samaki, wiki tatu. Wiki ya kwanza tulitembezwa kikundi kwa basi, watu kama thelathini, kiongozi kashika kibendera juu, dakika ishirini hapa shukeni pigeni picha, pandeni, dakika kumi pale, shukeni. Nikarudi hotelini nikafungua simu nikakuta picha mia na kitu, na mama mdogo akaniuliza WhatsApp hii ni nini, hii ni nini, nikashindwa kumjibu hata moja. Iliniuma. Nimetoka Kigoma mpaka huku alafu nashindwa kumwambia mama mdogo hili jumba ni la nani.

Kijana mmoja wa Kitanzania anayesoma kule ndo akaniambia kuna mama wa Kijapani anatembeza watu mmoja mmoja kwa miguu na anaongea Kiswahili. Sikuamini, ila ni kweli, chuo kikuu cha Osaka wanafundisha Kiswahili kama somo la digrii kabisa, na huyu mama alikisoma huko ujanani. Bei ilikuwa yeni 20,000 kwa masaa manne, ambayo kwa wakati ule ni zaidi ya laki tatu ya kwetu. Nikaifikiria usiku mzima. Nikatoa kwenye posho yangu na sijutii.

Jumamosi asubuhi mvua inanyesha, Juni kwao ndo msimu wa mvua, joto lipo na unyevu unakushika mwilini kama uko jikoni. Namuona mama wa makamo anakuja na miavuli miwili, mmoja wangu. Nywele zina mvi, nikajikuta tu nimesema shikamoo mama. Akasimama, akainama kidogo, akasema marahaba mwanangu, umeamkaje. Jamani. Pale nje ya stesheni, watu wanapita maelfu, mi nimeitikiwa marahaba.

Kabla hatujapiga hatua akaniuliza we unafanya kazi gani. Nikamwambia nauza dagaa, Kigoma, nanunua kwa wenye mitumbwi nakausha napeleka Tabora na Dar. Akatoa karatasi yake aliyokuwa amepanga njia, akaiangalia, akachukua kalamu akakata sehemu mbili na kuandika nyingine. Akasema basi leo tutatembea kama wafanyabiashara. Hiki ndicho ninachotaka mnielewe watu wangu, kwenye basi lile hakuna aliyeniuliza nafanya kazi gani, na hata angeuliza basi lisingebadilisha njia.

Aliniambia pia habari za kazi yake. Zamani Japani ilikuwa huruhusiwi kutembeza wageni kwa malipo bila leseni ya serikali, sheria ya 1949, unafanya mtihani wa historia na jiografia na lugha, na wengi wanafeli. Toka 2018 wamelegeza, yeyote anaweza kutembeza, ila wenye leseni bado wanaheshimika. Ye anayo ya Kiingereza maana Kiswahili hakimo kwenye lugha za mtihani, hiki anakitumia kwa mapenzi yake tu.

Tukaanzia kwenye ngome ya Osaka. Ile ngome nilishaipiga picha na wenzangu wa basi, nikajua ni ya kale sana. Kumbe lile jengo la juu ni la saruji, la 1931, wananchi wa Osaka walichanga pesa zao likajengwa, na ndani kuna lifti. Ya kwanza alianza kuijenga Toyotomi Hideyoshi, mbabe wa vita aliyekuja kutawala Japani, mwaka 1583, ikaangushwa vitani 1615, ukoo wa Tokugawa ulioshika utawala baada yake ukaijenga upya, alafu radi ikaipiga 1665 ikaungua. Mi nilitegemea atanipeleka juu ghorofani, akanipeleka kwenye ukuta wa mawe. Kuna jiwe pale langoni wanaliita jiwe la pweza, uso wake tu ni karibu mita za mraba 60, yaani chumba changu na sebule na jiko vinaingia humo, na uzito wanaukadiria zaidi ya tani 100. Mawe kama hayo yaliletwa kwa maji, kwenye vyombo, toka visiwa vya bahari ya ndani, mamwinyi wa majimbo waliamriwa wachangie na wakawa wanashindana nani ataleta jiwe kubwa.

Alafu akanivuta kwenye mawe madogo, akaniambia gusa hapa. Nikapapasa nikakuta alama imechongwa, kama duara, nyingine kama mstari na kona. Ni alama za kila mwinyi, ili jiwe la huyu lisichanganyike na la yule. Nikacheka kwa furaha nikamwambia mama hizi ni kama alama zetu za magunia! Sisi pale Kibirizi kila mtu ana herufi zake anaandika kwa maka peni kwenye gunia, ukishusha Tabora unajua hili la kwangu hili la mwenzangu. Akaandika kwenye kijitabu chake. Mtu ana miaka mingi kwenye kazi na bado anaandika cha mgeni.

Tukashuka kufuata mto mpaka madarajani. Osaka ina mito na mifereji mpaka wanauita mji wa madaraja 808, hiyo ni namna ya kusema mengi tu, hayakufika idadi hiyo. Ila sikilizeni hili, enzi za Tokugawa madaraja ya serikali yalikuwa 12 tu, mengine yote walijenga wenyeji na wafanyabiashara kwa pesa zao ili mizigo ipite. Daraja la Yodoyabashi lina jina la ukoo wa mfanyabiashara wa mchele, Yodoya, alilijenga kwa sababu soko lilikuwa mbele ya nyumba yake. Nilisimama katikati ya lile daraja (la saivi si lile la zamani, ni la zege) nikawaza kile kivuko chetu cha miti kinachosombwa na maji kila masika na kila masika tunasubiri mtu aje.

Hapo ndo akanieleza soko la mchele la Dojima, na kwa kweli hapa ndipo nilipata thamani ya pesa yangu yote. Zamani kodi kwao ililipwa kwa mchele, mamwinyi wa mikoani wakawa na maghala yao Osaka, mchele unakuja kwa vyombo unauzwa hapo. Baadae watu wakaanza kuuziana karatasi tu za kudai mchele ulioko ghalani, na mchele ambao haujafika, mnakubaliana bei leo mzigo utakuja mbele. Serikali ikalitambua rasmi mwaka 1730 na wengi wanalihesabu ndo soko la kwanza duniani la namna hiyo. Na bei ikipanda Osaka, kulikuwa na watu wamesimama juu ya vilima na bendera, huyu anapunga yule wa kilima cha mbele anaona anapunga, bei inafika miji ya mbali kabla ya mtu wa mbio. Nikamwambia mama, sisi tunanunua dagaa wakiwa bado majini, unampa mwenye mtumbwi hela ya mafuta na ya taa kabla giza la mwezi halijaingia, na bei ya Tabora tunaipata kwa simu alfajiri. Akasema ndiyo, ndo maana nimekuleta hapa.

Toka hapo tukatembea barabara ya Midosuji, pana, ilifunguliwa 1937, miti pande zote mbili, wanaiita ginko, na treni ya chini inapita chini yake. Chini kwenye njia ya miguu kuna vile vigae vya njano vyenye vinundu, nilikuwa navikanyaga wiki nzima nikidhani urembo. Ni njia ya wasioona, mistari maana yake endelea, vinundu maana yake simama angalia. Alivibuni Mjapani anaitwa Seiichi Miyake mwaka 1965, vikawekwa mara ya kwanza Okayama 1967. Nina mjomba haoni kabisa. Sisemi zaidi.

Dotonbori, mtaa wa kando ya mfereji, tulipita haraka, kule kwenye mabango ya taa na lile lenye picha ya mkimbiaji aliyenyoosha mikono, watu wamejaa kama gulio, tukala zile kachori za unga zenye kipande cha pweza ndani, moto sana, nikaungua ulimi. Akaniambia mfereji ule ulichimbwa kuanzia 1612 na mtu aliyeanza kuuchimba, Doton, alikufa kwenye vita ile ile ya ngome, nduguze wakaumalizia 1615, ukapewa jina lake. Nyuma kidogo kuna kichochoro na sanamu imeota vimajani laini vya kijani mwili mzima, watu wanaimwagia maji wanaomba. Mi ni Muislamu nilisimama pembeni kwa adabu, na yeye hakunisukuma kufanya lolote.

Mwisho Kuromon, soko lenyewe. Akaniingiza kwenye kiduka cha vitu vikavu, mzee mmoja na mkewe. Nikaona sanduku. Dagaa. Wadogo, wanang'aa fedha, wamejikunja kidogo. Nikamwomba mzee kwa ishara, nikachukua mmoja nikanusa, nikauvunja, nikaonja. Jamani ni dagaa! Sio dagaa wa Tanganyika, hawa wa baharini na ladha yao ni nzito zaidi, lakini ile harufu, ni harufu ya mkeka wa mama yangu mchana wa jua. Hapo ndo machozi yalinilenga. Wanawaita niboshi, na jina lenyewe linaeleza kazi, chemsha alafu anika. Wanawachemsha kwanza kwenye maji ya chumvi ndo wanawakausha, sisi tunaanika moja kwa moja mchangani au kwenye kichanja. Wao hawali kama mboga sana, wanatoa kichwa na tumbo ili isiwe chungu, wanaloweka wanapata supu ya kupikia karibu kila kitu.

Pembeni kulikuwa na mwani mkavu, mapande mapana meusi, na mama akaniambia mwani huu hauoti Osaka. Unatoka Hokkaido, kaskazini kabisa kwenye baridi, zamani ulikuja kwa majahazi, na Osaka wakaujua kuutengeneza mpaka ukawa chakula chao, wakati haujaota hata mmoja kwenye bahari yao. Nikafikiria Ujiji. Chumvi ilitoka Uvinza, pembe zikatoka ng'ambo Kongo, vitambaa na shanga vikatoka pwani, vyote vikakutana Ujiji. Nimezaliwa pale, nimepita pale maisha yangu yote, na sijawahi kumsimulia mtu hivyo.

Kabla ya kuondoka akanifundisha salamu ya wafanyabiashara wa Osaka, mokarimakka, yaani unapata faida? Nikamwambia mzee wa duka. Akacheka mpaka akashika meza, akajibu bochi bochi, ndo hivyo hivyo tunasukuma. Mkewe akanifungia dagaa robo kilo hakutaka hela.

Tukakaa chini tunywe chai. Nikamwambia babu yangu alikuwa anasema kule milima ya Mahale kuna Wajapani wanaongea Kiswahili na wanafuata sokwe porini, tukidhani anatia chumvi. Akasema babu alisema kweli, ni wa chuo kikuu cha Kyoto, Toshisada Nishida alianza kule 1965. Alafu akaniuliza, akitaka kuja Kigoma, nani atamtembeza Ujiji kwa miguu? Nikasema mi. Akauliza tutaanzia wapi. Pale kwenye mwembe wa Livingstone na Stanley, nikasema, walipokutana 1871. Akasema sawa, na baada ya hapo?

Nikanyamaza. Sikuwa na baada ya hapo.

Sasa nimeanza kuuliza. Ile miembe mikubwa ya njia ya misafara kwenda Tabora, nani aliipanda na ipi bado imebaki, vyombo vya Kongo vilifunga upande gani, soko la chumvi lilikaa wapi kabla ya haya mabanda. Wengine wananiambia nenda Google, wengine wamenikalisha wakanipa kahawa. Kuna mzee mmoja karibu na msikiti ana miaka themanini na kitu, amesema nije Jumapili alfajiri jua halijawa kali, atanionesha kwa kidole nyumba moja moja. Daftari nimeshanunua, na dagaa wa kumpelekea nimeshatenga, wa Kigoma na wale kidogo wa Osaka waliobaki, aonje.