Koti la Baba

Oktoba 2006 nilikuwa na miaka 16, na miezi miwili tu tangu nitoke Tanga kwenda kusoma shule ya bweni huko Massachusetts, Marekani. Karo ilizidi dola 30,000 kwa mwaka, na yote nililipiwa. Kwa hiyo nilipoambiwa nimwandikie mfadhili wangu barua ya shukrani, niliona ni haki yake kabisa. Nilijaza kurasa mbili.

Nilimweleza habari za koti. Shule ilitaka kila mvulana awe na koti la bluu la kuvaa kwenye chakula cha jioni cha rasmi. Baba yangu ni fundi cherehani, na kibaraza chake kiko Ngamiani. Mwaka ule ukame ulikuwa umeleta mgao wa umeme nchi nzima, basi alilishona usiku tatu mfululizo kwa taa ya chemli, akikanyaga Singer yake huku mimi nikimshikia kitambaa. Bitana ilipopungua, Mama alitoa kanga yake. Baba aliikata, akaishonea upande wa kushoto, na maandishi yakaangukia palepale penye moyo: USISAFIRIE NYOTA YA MWENZIO.

Mama mmoja wa ofisi iliyoshughulika na wafadhili aliniita. Alikuwa mpole, sitamsingizia. Aya nzima ya koti alikuwa ameizungushia penseli. Akasema ni nzuri, lakini mfadhili angependa kujua nimetoka katika hali gani. Shuleni nilikuwa nikienda kwa miguu? Umbali gani? Tuliwahi kulala njaa? Nikamwambia kutoka nyumbani hadi shule ni dakika kumi, na njiani kuna muuza mihogo. Akanitazama kama mtu anayefichwa jambo.

Usiku nilimsimulia mwenzangu wa chumbani. Yeye alitoka Bronx, jijini New York, akaletwa na A Better Chance, mpango ambao tangu 1963 umekuwa ukiwatafutia vijana weusi nafasi katika shule kama ile. Juu ya kitanda chake alibandika picha ya Deval Patrick, mtoto wa Chicago aliyepita katika mpango huohuo, na ambaye siku zile alikuwa akigombea ugavana wa Massachusetts. Hakushangaa hata kidogo.

“Mwaka jana mimi waliniuliza habari za risasi,” alisema. “Mama yangu ni nesi.”

Yeye alikataa kubadilisha barua yake. Mimi nilibadilisha. Nilikuwa mgeni, niliogopa kurudishwa, na hakuna aliyenitishia kurudishwa. Niliandika kwamba nilitembea pekupeku kilomita nane. Koti nikalitoa.

Wiki mbili baadaye wafadhili walialikwa chakula cha jioni. Mfadhili wangu alikuwa mzee mwenye mikono mikubwa yenye joto, na alipenda kwa dhati kuniona. “Kilomita nane!” akamwambia mkewe, na yule bibi macho yakamlenga machozi. Kisha mzee akaugusa ukosi wa koti langu, akalisifu kwamba limenikaa vizuri. Shule ndiyo iliyonipa?

Kanga ya Mama ilikuwa inanigusa ubavuni. Ningelifungua koti tu, angeiona. Nikasema ndiyo.

Yapo mengi niliyoyakosea katika miaka ile na nimekwisha kuyasahau. Hili bado linaniuma, kwa sababu yule mzee hakuomba uongo. Hakupewa hata nafasi ya kuujua ukweli. Na ukweli wenyewe ulikuwa mzuri kuliko kilomita zangu.

Jumapili nilinunua kadi ya simu nikapiga nyumbani. Mama aliniuliza kama nakula vizuri na kama baridi imeanza. Kisha Baba akachukua simu.

“Mzee wako kaliona koti?”

“Kaliona, Baba.”

“Kasemaje?”

“Kasema limenikaa vizuri.”

Nikamsikia anamgeukia Mama na kumrudia maneno yale, mara mbili, kwa sauti ya juu.