Shahidi Asilishwe Maneno

Tafakari ya juma: Matendo ya Mitume 14:8–20, Warumi 1:20

Wapendwa katika Bwana, Yesu asifiwe.

Siku moja tukiwa katika kipindi cha Biblia, kijana mmoja aliuliza: "Tukiiweka Biblia pembeni kidogo, tunajuaje kwamba Mungu yupo?" Hakuuliza kwa kejeli. Rafiki yake alikuwa amemuuliza swali hilo hilo, akakosa la kusema. Kabla sijafungua mdomo, mzee mmoja akamwambia kwamba maswali ya namna hiyo humfungulia shetani mlango, kazi yetu ni kuamini tu. Kijana akasema, "Sawa, baba." Akainama, akawa anakunja na kukunjua pembe ya daftari lake mpaka kipande kikakatika. Mimi niliyekuwa naongoza kipindi nikasoma aya iliyofuata kana kwamba hapakuwa na jambo. Hadi leo kimya kile kinanisuta.

Kinanisuta zaidi nikisoma habari za Paulo na Barnaba kule Listra. Paulo amemponya mtu aliyekuwa kiwete tangu tumboni mwa mamaye, na mji mzima umepagawa. Watu wanapaza sauti kwa Kilikaonia kwamba miungu wameshuka. Barnaba wanamwita Zeu, na Paulo, kwa kuwa ndiye msemaji, wanamwita Herme. Kuhani wa Zeu anakuja na ng'ombe na mashada ya maua. Mitume wanararua mavazi yao, wanakimbilia katikati ya umati, wanaanza kuhubiri. Hapo hamsikii Ibrahimu wala Musa, wala hakuna "imeandikwa" hata moja, maana watu hawa hawakuwa na torati mikononi mwao. Wanaonyeshwa mvua, na nyakati za mavuno, na chakula kilichowashibisha, kisha wanaambiwa kwamba Mungu aliye hai "hakujiacha pasipo ushuhuda."

Ushuhuda. Neno hilo nimekaa nalo wiki nzima. Sote tunajua kazi ya shahidi: anasimama, anasema alichokiona, anahojiwa, anajibu. Ikiwa uumbaji umeitwa shahidi, basi kuuhoji si utovu wa imani, kwa kuwa aliyempandisha shahidi huyo kizimbani ni Mungu mwenyewe. Wanateolojia wana jina la kazi hiyo, wanaiita teolojia ya asili: kutafuta kwa akili, kwa kuvitazama vilivyoumbwa, ni nini kinachoweza kujulikana juu ya Mungu kabla hatujafungua Maandiko.

Lakini shahidi ana mpaka wake. Akisema zaidi ya alichokiona, wakili wa upande wa pili atambana hapo hapo, na hata lile la kweli alilosema halitasadikiwa tena. Paulo katika Warumi anauweka mpaka huo kwa makini: kinachofahamika kwa kazi za Mungu ni "uweza wake wa milele na Uungu wake." Ni hayo mawili tu. Hakusema kwamba msamaha wa dhambi unasomeka kwenye nyota.

Katika wote waliomhoji shahidi huyu, ninayemwamini zaidi ni Thomas Aquinas, mtawa wa Kidominiko wa karne ya 13. Alipofika kwenye swali la kama Mungu yupo, hakuanza na hoja zake. Alianza na za mpinzani. Kwanza, uovu upo, na kama angekuwepo Mungu aliye mwema pasipo kikomo, uovu usingekuwa na nafasi. Pili, yote tunayoyaona duniani yanaweza kuelezwa kwa nguvu za asili au kwa akili na utashi wa binadamu. Basi Mungu wa nini? Hoja hizo mbili ndizo zinazorushwa hadi leo, na wanaozirusha hudhani ni mpya. Thomas aliziweka zaidi ya miaka 750 iliyopita ndani ya kitabu cha kuwafundishia wanaoanza teolojia. Hakuona kwamba anamfungulia shetani mlango.

Kisha akajibu kwa njia tano. Ya kwanza inaanzia kwenye badiliko. Kuni zinaweza kuwaka, lakini haziwaki mpaka ziguswe na kitu ambacho tayari kina moto. Kila kinachobadilika hubadilishwa na kingine. Wengi huielewa hoja hii kama foleni ndefu inayorudi nyuma mpaka siku ya kwanza ya dunia, Mungu akiwa ndiye aliyeisukuma kisha akaondoka zake. Sivyo. Fikiria wimbo. Mwimbaji akinyamaza, wimbo haubaki hewani ukimalizia ubeti peke yake. Thomas anataka tuone kwamba vitu vyote vinahitaji kushikiliwa hivyo, sasa hivi, na pumzi unayoivuta ukisoma sentensi hii ikiwemo. Na hakuishia hapo. Alisema wazi kwamba akili peke yake haiwezi kuthibitisha kuwa dunia ilikuwa na mwanzo. Hilo, alisema, tunalishika kwa imani. Hoja nyepesi ya kupigiwa makofi ilikuwa mezani pake, naye akaiacha, kwa sababu shahidi hakuwa ameliona jambo hilo.

Karne nyingi baadaye alitokea mtu mwingine wa moyo kama huo. Georges Lemaître alikuwa padre na mwanafizikia wa Ubelgiji. Mwaka 1931 alitoa wazo kwamba ulimwengu ulianzia kwenye kitu kimoja kama atomu, wazo ambalo ni chimbuko la nadharia inayoitwa leo mlipuko mkuu. Mwaka 1951 Papa Pius XII alitoa hotuba iliyoitazama sayansi hiyo kana kwamba inaishuhudia siku ya uumbaji. Ungedhani padre yule angeshangilia. Hakushangilia. Alishikilia kwamba nadharia yake iko nje ya swali la dini, kwamba anayeamini na asiyeamini wanaweza kuifanyia kazi sawasawa. Nampenda mtu huyu. Sisi tungekuwa tumeshaichapisha kwenye fulana.

Tena kumlisha shahidi maneno kuna madhara makubwa kuliko aibu. Mwaka 1934, wakati ambapo huko Ujerumani walikuwepo Wakristo waliodai kuisikia sauti ya Mungu katika damu na taifa lao, Karl Barth alimjibu mwanateolojia mwenzake Emil Brunner, aliyekuwa akitetea teolojia ya asili kwa kiasi fulani. Kichwa cha kijitabu chake kilikuwa neno moja: Hapana! Mimi naona Barth alimwonea Brunner, maana Brunner hakuwa mmoja wa hao. Ila hofu yake naielewa. Ukimzoesha shahidi kusema kila unachotaka, iko siku atakwambia Mungu yuko upande wa kabila lako.

Mpaka huu mimi sikuujulia vitabuni. Niliujua usiku mmoja nikiwa nimekaa kando ya kitanda cha mama, nikihesabu pumzi zake. Inakuja moja, nasubiri, nasubiri, inakuja nyingine. Dirishani mwezi ulikuwa mpevu, mbingu zikiuhubiri utukufu wa Mungu kama kawaida yao. Uweza wake sikuutilia shaka hata kidogo usiku ule. Nilichotaka kujua ni kama anamfahamu mama yangu, huyu hapa, mwenye mkono mwepesi kama jani kavu ndani ya wangu. Mwezi haukuwa na la kunijibu, na sikuulaumu, haukuwa na habari hiyo. Nikafungua Isaya 43 nikamsomea polepole: "Usiogope, maana nimekukomboa, nimekuita kwa jina lako, wewe u wangu." Midomo yake ikafanya Amina, bila sauti.

Wapo watakaosema, basi kama ni hivyo hoja zina faida gani, si tuanze na Isaya moja kwa moja? Kwa mama yangu, ndiyo. Thomas mwenyewe alikubali kwamba kumfikia Mungu kwa njia ya akili ni jambo la wachache, tena baada ya muda mrefu, tena likiwa limechanganyika na makosa mengi, na ndiyo maana Mungu hakutuachia tumtafute kwa njia hiyo tu. Lakini yule rafiki wa kijana wetu haamini kwamba kuna anayeita mtu kwa jina. Kumsomea Isaya kabla ya kumsikiliza ni kumjibu swali ambalo hajauliza. Paulo aliwaonyesha watu wa Listra mvua kwa sababu mvua waliijua.

Na Luka, mwandishi wa Matendo, hafichi kwamba mahubiri yale hayakufanya maajabu. Anasema umati ulizuiwa "kwa shida" usiwatolee mitume dhabihu. Mara wakaja wapinzani kutoka Antiokia na Ikonio, Paulo akapigwa mawe, akaburutwa nje ya mji wakidhani amekufa. Akainuka, akaingia tena mjini. Alipokuja tena katika safari ya pili, tunamkuta huko mwanafunzi aitwaye Timotheo. Timotheo alikuwa amenyeshewa mvua ile ile iliyomnyeshea kuhani wa Zeu. Imani yake, Paulo anamwandikia baadaye, ilikaa kwanza katika bibi yake Loisi na katika mama yake Eunike.

Kijana yule nimempigia simu jana. Nimemwomba radhi, nikamwambia alilete tena swali lake kipindi kijacho, na rafiki yake akipenda aje naye. Amenyamaza kidogo, kisha akaniuliza kama yule mzee atakuwepo. Nimemwambia nitamwalika mimi mwenyewe.