Yule msichana wa kwenye feri

Mwaka 2012 nilikuwa najifunza Kifaransa hapa Mombasa, mwalimu akaniazima L'Amant, yaani Mpenzi, riwaya ya mwandishi Mfaransa Marguerite Duras, akaniambia usiogope, sentensi zake fupi. Kweli fupi, lakini zilinitesa, maana ukurasa huu anasema "je", mimi, ukifunua wa pili anasema "elle", yeye, nikadhani kaingia mtu mwingine. Pembeni nikaandika kwa penseli: huyu nani tena?

Siku hiyo mimi na mama tulikuwa tunarudi kisiwani kutoka Likoni kwa khalati, jua la saa tisa, watu wamejaa wanangoja feri, mimi nasoma zangu. Mama akauliza, hicho kitabu kinasemaje? Nikamweleza, ni binti wa Kifaransa wa miaka 15 na nusu, huko Vietnam enzi za ukoloni, Wafaransa wakiita Indochina, anavuka mto Mekong kwa feri, kavaa kofia ya kiume na viatu vya kung'aa kama dhahabu, na kwenye gari jeusi yumo Mchina tajiri anamtazama. Mamake mwalimu, mjane, akiba yake yote alinunulia shamba la serikali ya kikoloni, kumbe maji ya bahari huingia kila mwaka, mpunga wote unaoza, wakafilisika. Kwa hiyo hawa Wazungu lakini hawana kitu, yule anazo lakini si Mzungu, na babake hataki kusikia habari ya ndoa. Nikamwambia pia jamaa ni mtu mzima na yule ni mtoto, na hilo lilinikera, linanikera hadi leo. Mama akaguna. Duras alikitoa 1984 akiwa na miaka 70, nikasema, na mwanzoni kabisa anaeleza picha ya pale kwenye feri, picha ambayo hakuna aliyeipiga.

Mama kimya.

Tulipoingia tukasimama pembeni, akaanza kunihadithia msichana mmoja aliyekuwa akivuka hapa kila asubuhi kwenda kushona nguo mjini, buibui la kuazima kwa dadake, na kijana mmoja wa bandarini alikuwa akimwekea nafasi upande wa kivuli, hawasemi sana, salamu tu na kucheka, halafu kijana akapata kazi melini, akaenda moja kwa moja. "Alikuwa akisimama hapa hapa," akasema, na kidole chake kinabandua rangi ya chuma taratibu, kipande baada ya kipande.

Msichana gani, mama?

Hakunijibu. Nikakumbuka zile alama zangu za penseli.

"Na huyo Mchina wako, ikawaje?"

"Binti alirudi Ufaransa kwa meli. Miaka mingi baadaye, vita vishaisha, Mchina akaja Paris na mkewe, akampigia simu."

"Alipiga?"

"Alipiga, mama. Akamwambia bado anampenda."

Akageuka akatazama tulikotoka. Feri ikagusa ng'ambo, mlango ukashuka, watu wakaanza kusukumana, akanishika mkono kwa nguvu kama nilivyokuwa mdogo.

"Twende mwanangu, tutakanyagwa."