Nilivyoijua asidi ya anakadiki, mikono yangu ikapona

Misimu mitatu mfululizo niliambiwa nina fangasi. Ngozi ya vidole ilibanduka kama ukoko wa ugali, ncha za vidole zilikuwa nyeusi, na katikati ya kidole na kidole vilijaa vilengelenge vya maji vilivyowasha usiku kucha hadi nikawa nalala nimeweka mikono kwenye beseni la maji ya mtungi. Mimi ni mbanguaji wa korosho. Nabangulia nyumbani hapa Mtama, mkoani Lindi, na wanangu wakubwa wanapeleka njia panda ya Mnazi Mmoja kuwauzia abiria wa mabasi. Mbanguaji wa korosho anaonyesha mikono ya namna hiyo, halafu anaambiwa fangasi! Kumbe ilikuwa asidi ya anakadiki, iliyomo kwenye mafuta ya ganda la korosho. Linaniuma mpaka leo, ndiyo sababu naandika.

Huku kwetu hakuna asiyejua kwamba korosho inaunguza. Tatizo ni hilo neno lenyewe. Ukisema inaunguza, watu wanakutibu kama mtu aliyeungua moto: maji ya baridi, dawa ya meno, asali. Mwingine akasema nipake ndimu ili kukata ukali. Jamani, ndimu msipake. Ndimu ikikaa kwenye ngozi ukatoka nayo juani, yenyewe tu inatosha kukubabua. Mwingine akanipa mafuta ya taa, nikanawa nayo wiki nzima, ngozi ikapasuka mpaka damu. Kwenye kituo cha afya nilichokwenda, aliyenihudumia alitazama vidole mara moja akaandika dawa ya fangasi. Hakuniuliza nafanya kazi gani. Swali hilo moja lingenipunguzia misimu miwili ya mateso.

Mwaka wa kwanza sikuwa na mashine, nikaamua kuchoma kama walivyochoma wazee. Nikakata debe ubavuni, nikalitoboa kwa msumari, nikaliteleka juu ya mafiga nyuma ya nyumba. Njia hiyo haina ubaya ukiijua. Ganda linatoa mafuta, mafuta yanashika moto, wewe unasimama upande upepo unakotoka na kuzigeuza kwa mti mrefu, zikishawaka zote unazimwaga mchangani na mchanga unanyonya mafuta. Lakini jirani mmoja akanishauri nifunike debe. Alisema ukifunika hakuna moto, na punje zinatoka nyeupe, bei yake ni nyingine. Nikaona maneno ya mtu mzoefu. Nikafunika kwa sinia kuukuu, nikaweka na jiwe juu.

Moshi ulianza kutoka pembeni ya sinia, mzito, wa kijivujivu, unaingia kooni kama pilipili. Nikangoja. Mafuta yakawa yanachemka mle ndani, nayasikia yanavyotatarika. Nikaona sasa zitakuwa zimeiva, nikasukuma sinia kwa mti. Hewa ilipoingia, moto ulipanda juu kunizidi urefu, ukalamba makuti ya banda, na nyusi zangu zikaenda. Tulizima banda kwa mchanga na maji ya mtungi. Korosho karibu kilo saba zilikuwa mkaa mtupu. Nikajifuta jasho usoni kwa kanga ileile niliyokuwa nimeshikia debe, nikaenda kulala nikimshukuru Mungu kwamba nyumba imebaki.

Kesho yake sikuwa na kitu. Siku ya tatu asubuhi macho hayakufunguka. Uso umevimba, masikio mekundu, shingo ina vipele. Mama mkwe akasema nimekula kitu kibaya. Wengine wakasema mdudu amenitambaa usiku. Hakuna aliyetaja korosho, kwa sababu zilikuwa zimepita siku mbili nzima. Hapo ndipo watu wengi wanapopotea: kitu hiki hakikuambii papo hapo. Unashika leo, mwili unalalamika kesho kutwa, na wewe unalaumu samaki wa jana.

Aliyenifumbua macho ni mtoto wa kaka yangu anayesoma kemia chuo kikuu. Alikuja likizo mwezi wa kumi na mbili, msimu umechachamaa, akakuta nimefunga vidole vitambaa. Baada ya shikamoo na marahaba, hakuuliza habari ya vidole. Aliuliza: "Shangazi, ukila embe midomo inakuwasha?"

Nilistaajabu. Tangu utoto wangu embe nilimenyewa na mama, kwa sababu nikilimenya kwa meno, utomvu wa kwenye kikonyo unanitoa vidonda pembeni mwa mdomo. Hilo nilikuwa sijamwambia mtu, niliona ni udhaifu wangu tu.

Akaniambia mwembe na mkorosho ni ndugu wa ukoo mmoja, na ukoo wenyewe umepewa jina la mkorosho: Anacardiaceae. Ndugu wengine wako mbali, kuna mmea wa Marekani ambao watu wakiugusa porini wanatoka malengelenge, na kuna mti wa Japani unaotoa rangi ya kung'arisha vyombo vya mbao. Utomvu wa hao una urushioli, jina lililotokana na neno la Kijapani la rangi hiyo, urushi. Wa mkorosho wetu una asidi ya anakadiki, pamoja na wenzake wawili, kadoli na kadanoli. Wote wamefanana sura, kwa hiyo ngozi ikishamchukia mmoja, inawachukia na wenzake.

Akachukua kijiti akanichorea mchangani. Alichora kichwa chenye pembe sita, kama tundu moja la sega la nyuki, halafu mkia mrefu wa kaboni 15. Kichwa cha asidi ya anakadiki ni ndugu wa dawa ya aspirini. Mkia ni mafuta. Akasema: "Kichwa ndicho kinachouma, shangazi, lakini mkia ndio unaokipeleka ndani ya ngozi. Na mafuta hayatoki kwa maji."

Nilikaa pale mchangani nikiutazama ule mkia muda mrefu. Misimu mitatu nilikuwa nanawa kwa maji matupu! Nilichokuwa nafanya ni kuyasambaza mafuta kutoka vidoleni hadi viwiko, halafu najifuta kanga, halafu kanga hiyohiyo nambebea mtoto.

Jina lenyewe nalo nililiuliza. Mkorosho kitaalamu unaitwa Anacardium occidentale, jina alilolitumia mtaalamu wa mimea Linnaeus mwaka 1753, na ndani yake kuna neno la Kigiriki kardia, yaani moyo, kwa ajili ya umbo. Aliyeitenga asidi hiyo kwenye ganda na kuieleza ni mkemia Mjerumani, Georg Städeler, mwaka 1847. Zaidi ya miaka 170 kitu kina jina lake, kimechunguzwa, kimeandikwa vitabuni, na mimi naambiwa fangasi.

Sasa nieleze ninavyofanya.

Kabla ya kushika korosho napaka mafuta ya nyonyo, mikono yote hadi juu ya kiwiko, napaka sana. Juu yake najipaka majivu makavu yaliyochekechwa. Ninapobangua, kila baada ya muda nafuta kwa kitambaa kikavu na kuanza upya, sisubiri mpaka vidole viwe vyeusi. Mama mkwe alikuwa akifanya hivi tangu ujana wake na mikono yake haina kovu. Alinielekeza siku ya kwanza nilipoolewa, nikakataa, kwa sababu niliona kupaka mafuta juu ya mafuta ni kuongeza tatizo. Kumbe ndiyo dawa: mafuta ya ganda yanakutana kwanza na nyonyo kabla ya kukutana na mimi, na majivu yanayanyonya yote mawili. Nyonyo ni zito, linakaa. La nazi linafaa pia ila linaisha upesi, na ufuta nauza, sipaki.

Kunawa ndiko nilikokuwa nakosea, kwa hiyo nakutilia mkazo. Nikimaliza kazi sigusi maji. Nachukua mafuta mengine safi, ya kupikia yanatosha, nasugua mikono kama nanawa, nafuta kwa kitambaa kikavu nitakachokitupa. Narudia. Ndipo sabuni nyingi na maji ya kawaida, siyo ya moto. Visu, mpini wa mashine, kitasa cha mlango, vyote vinafutwa hivyohivyo, kwa sababu haya mafuta hayaruki hewani, yatakungoja pale pale hadi wiki ijayo. Glovu za plastiki laini nilijaribu, zinatoboka kwenye ncha ya kidole na mafuta yakiingia ndani yanakaa na jasho. Bora mkono mtupu wenye nyonyo kuliko glovu yenye tundu.

Kuchoma niliacha. Mtoto wa kaka alinieleza kwamba moto mkali unaing'oa sehemu ya kichwa cha asidi, inatoka kama kaboni dayoksaidi, inabaki kadanoli. Inapungua ukali lakini haiwi maji ya kunywa, na kadoli bado ipo, na moshi unabeba vyote hadi usoni. Sasa natumia mvuke. Pipa nusu, maji chini, wavu katikati, korosho zimo kwenye gunia, juu nimefunika gunia jingine bichi. Mvuke ukianza kutoka nahesabu kama nusu saa. Mvuke hauui asidi, msidanganyike. Kazi yake ni kulifanya ganda lipasuke kirahisi na punje ijitenge, ili kisu kisilikamue. Mara ya kwanza nilibangua zikiwa bado za moto kwa haraka ya pesa, zikavunjika nusu nzima. Lazima zilale usiku kucha zimeanikwa, asubuhi ndipo ganda linakuwa limekakamaa. Mashine yenyewe, ile ya visu viwili na kikanyagio, niliinunua iliyotumika kwa laki moja na kitu. Kukausha na kutoa ngozi ya ndani kila mtu anajua.

Kilo nne hadi tano za korosho ghafi zinanipa kilo moja ya punje. Zamani nilikuwa nakaa nje ya kazi wiki mbili kila mwezi kwa ajili ya vidonda, sasa sikai hata siku moja. Piga hesabu mwenyewe.

Maganda usipikie jikoni. Najua yanawaka vizuri kuliko kuni, lakini moshi wake ni uleule ulionifumba macho. Mimi nayachomea nje mbali, na mafuta yanayotiririka kwenye debe napaka nguzo za banda kwa brashi ya mti. Mchwa hawajazigusa. Viwandani mafuta hayo yanaingia kwenye pedi za breki za magari na kwenye rangi, kwa hiyo si kitu cha kudharau, ila kiwe mahali pake.

Na watoto. Wangu wa mwisho alipasua korosho mbichi kwa meno nikiwa shambani. Zamani ningemkimbiza mtungini. Safari hii dada yake alimfuta midomo kwa mafuta ya nazi mara tatu, akamnawisha kwa sabuni, akamfuta tena. Kesho kutwa yake ulivimba mdomo wa chini kidogo, ukaisha. Mtoto akivimba macho au akipumua kwa shida, huyo ni wa hospitali, msikae kumpaka mafuta.

Mwezi wa kumi uliopita nilipeleka mtoto kwenye kituo kilekile cha afya, ana homa. Kwenye benchi alikuwepo mama mmoja kutoka upande wa Nyangao, vidole amevifunga kitambaa. Nikamuuliza kama anabangua. Akasema ndiyo, msimu wa pili huu, na ameshatumia tyubu nne za dawa ya fangasi. Nikamuomba anionyeshe. Ilikuwa kama natazama mikono yangu. Nikachana ukurasa wa nyuma wa daftari la kliniki la mwanangu, nikaandika kwa herufi kubwa: MBANGUAJI WA KOROSHO. ASIDI YA ANAKADIKI. Nikamwambia ampe daktari hicho kwanza, kabla hajaonyesha vidole. Jina lake likaitwa, akakikunja kile kikaratasi mkononi, akaingia nacho.